Mgomba Uliozikwa kwa Jina la Masalu

Jumapili aliyozikwa Masalu Shigela, yeye mwenyewe alikuwa amekaa juu ya jiwe ufukweni, chini ya Nyegezi, anakula karanga. Kando yake alikaa Atieno binti Zadok, ndani ya gauni la kijani aliloshonesha kwa ajili ya siku ya kuvishwa pete, siku ambayo ilikuwa haijafika. Saa moja asubuhi ilikuwa bado haijatimia. Juu kilimani, mbele ya mawe makubwa, baba yake Atieno na wanawake sita walikuwa wanasubiri mgomba uletwe.

“Shangazi amesema uzibe masikio wakianza kulia,” Atieno alisema. “Mtu hatakiwi kusikia msiba wake.”

“Nitaziba.”

“Na mbona unakula?”

“Wafu ndio hawali.” Masalu alimnyooshea kiganja chenye karanga. “Mimi niko hai. Kama unabisha, nishike hapa.”

Akagonga kifua chake. Atieno hakukishika, ila alikitazama. Alipomaliza kukitazama kifua alipanda usoni, na alipofika machoni akakuta macho yanamsubiri. Walikuwa wamependana miezi kumi na minne, na bado akitazamwa hivyo hesabu zote zilimpotea. Mwanachuo wa ualimu Butimba, mwaka wa pili, anayeongoza darasa zima kwa hisabati, anapotezwa hesabu na mla karanga! Basi mapenzi hayaendi shule.

Tuseme haki, Masalu alikuwa anatazamika. Alizaliwa upande wa Magu katika ukoo wa wacheza ngoma, na alipofika miaka tisa alikuwa tayari anapiga sarakasi katikati ya uwanja, wakati wa mashindano ya baada ya mavuno, chatu shingoni. Alipohamia mjini Mwanza alijifunza karate Kirumba mpaka akamwangusha mwalimu wake. Video zilipoanza kumiminika, na kila mwenye deki na mabenchi manne akajiita mwenye ukumbi, Masalu ndiye aliyesimama kando ya televisheni akitafsiri filamu za Hong Kong, na Kichina chenyewe hajui hata neno moja. Alitoa sauti ya mzee mwenye ndevu, sauti ya jambazi na sauti ya binti anayeokolewa, na watu walitoka ukumbini wameridhika kuliko kama wangeelewa maneno ya kweli.

Ndipo Venant, mpiga picha za video za harusi, alipomwuliza mpaka lini atatafsiri ngumi za wenzake. Wakatoa filamu mbili kwa kamera ileile ya harusi. Masalu ndiye aliyepigana, na ndiye aliyewafundisha wengine namna ya kupigwa. Alishona sare kwa mifuko ya unga, akapiga kinanda, akaimba wimbo wa mwisho. Katika filamu ya pili mwigizaji wa kike aliugua malaria siku ya kazi. Masalu akavaa gauni la yule dada akaruka dirishani kwa niaba yake, na hakuna mtazamaji aliyegundua. Akipita sokoni Makoroboi watu walimpisha njia.

Atieno alijivunia yote hayo. Kilichomsumbua kilikuwa kimoja tu. Masalu aliweza kulia akitaka. Siku moja kwenye kantini ya chuo aliinamisha kichwa, akahesabu kimya kimya, akainua uso, na chozi hilo linateremka. Meza nzima ilipiga makofi. Atieno naye alipiga, lakini chai yake ilipoa mbele yake na hakuimaliza.

Filamu ya tatu ndiyo iliyoleta balaa. Ndani yake Masalu anauawa kwa hila, anazikwa, kisha mdogo wake analipa kisasi. Mdogo mtu naye ni Masalu, amevaa kofia. Sasa Venant alikuwa na utaratibu wake: kila mwigizaji anatumia jina lake halisi, ili watu wakimwona mtaani wajue wamwite nani. Na kwa kuwa alitaka kilio cha kueleweka, aliwatafuta kina mama wa Kijaluo, maana mjini pale hakuna anayeshindana nao kwa kulia msiba. Kiongozi wao alikuwa Dorcas, dada yake Mzee Zadok, yaani shangazi yake Atieno, ingawa Venant hakujua hilo wala hakuuliza. Kaburi likachimbwa, la kweli, futi sita, kwenye ardhi isiyo na mwenyewe juu ya ziwa. Kina mama wakaita, Masalu, Masalu mwana wa Shigela, wakalia hata wapita njia wawili wakasogea kutoa pole. Kabla udongo haujatupwa, mvua ikashuka. Kamera iliingia maji, watu wakatawanyika, jeneza likarudishwa kwa fundi. Kaburi likabaki wazi. Limeshaliliwa kwa jina la mtu, na mtu mwenyewe yuko mjini anatembea.

Wiki tatu baadaye mtu huyo akaja na baba yake mdogo, Ndalahwa, kuposa kwa Mzee Zadok Okech.

Mzee Zadok alikuwa msimamizi katika kiwanda cha minofu ya samaki, na siku za ibada alikuwa mzee wa kanisa, Msabato wa kutoka Shirati asiyekunywa hata majani ya chai. Aliwapokea vizuri. Walikula sato, wakaulizana habari za mvua na za ng'ombe. Mambo yalikuwa yanaelekea kuzuri mpaka Shangazi Dorcas alipoingia na sinia la uji, akamwona mposaji, akaliweka sinia sakafuni.

“Huyu tumemlilia,” alisema.

“Shikamoo, mama. Ilikuwa filamu.”

“Marahaba. Filamu ni ya Venant. Mdomo uliolia ni wangu. Nilikuita kwa jina lako na la baba yako, na shimo liko wazi mpaka leo. Juzi nimepita, nimeliona kwa macho yangu.”

Mzee Zadok akamgeukia mgeni. “Ni kweli, kijana? Kaburi liko wazi?”

“Ni kweli, mzee. Tunangoja kamera itengenezwe.”

Ndalahwa, ambaye alikuja pale kumtetea mwanawe, alitikisa kichwa kwa masikitiko. Kwao pia shimo la namna hiyo halichezewi, na hakuna aliyekuwa amemwambia.

“Mimi ni mtu wa kanisa,” Mzee Zadok alisema polepole. “Miaka ishirini nimesimama nikifundisha kwamba mambo haya ya makaburi ni giza. Lakini siwezi kumtoa binti yangu kwa mtu ambaye shimo linamngoja. Nyara, binti yangu, usinitazame hivyo. Mama yako aliponifia, yako mambo niliyoambiwa nikajifanya sijui. Sirudii tena.”

“Baba, kwa hiyo unakataa?” Atieno aliuliza.

“Nasema lifungwe. Uzikwe mgomba mle ndani kwa jina lake, uliliwe, uishe. Yeye asiwepo na asisikie. Kisha aje hapa mchana nimpokee kama mwanangu.” Mzee alishusha sauti, ingawa nyumbani hapakuwa na mtu mwingine. “Na mimi ndiye nitakayesimama pale, maana ndiye ninayetoa binti. Kanisani wakijua, wananiondoa kwenye uzee na kunitenga. Kwa hiyo tutakwenda mapema, tutamaliza, na hakuna atakayefungua mdomo. Nafanya hivi kwa ajili ya huyu mtoto. Umenielewa, kijana?”

Masalu alipiga magoti palepale. “Nimekuelewa, baba,” alisema, na chozi likamdondokea shavuni. Ndalahwa alijivunia sana. Atieno alilitazama lile chozi, akaamua kuliamini.

Kwa hiyo asubuhi ile wakawa juu ya jiwe, wawili tu, ziwa limetulia, na mitumbwi ya dagaa inarudi upande wa Luchelele. Atieno alikuwa na furaha. Alikuwa ameingoja siku hii kwa hofu, na sasa alitaka kuongea.

“Mchana baba akikupokea, utamwambia nini?”

“Nitamwambia asante.”

“Hiyo tu? Mtu wa sauti tatu?”

“Nitamwambia asante kwa sauti tatu.”

Atieno alicheka, akamsukuma bega. “Mimi nikimaliza chuo naweza kupangiwa Nansio, kule kisiwani. Utakuja?”

“Nitaogelea.”

“Masalu, nauliza kweli.”

“Na mimi najibu kweli. Filamu hii ikitoka, kuna msambazaji wa Dar ameahidi kunichukua. Nitakaa huko, nitarudi, nitakwenda, nitarudi. Na kila nikirudi nitakukuta wapi?”

“Nansio, nasahihisha madaftari.”

“Basi nitakuja Nansio nikushikie taa.” Alimshika mkono, akaugeuza, akakitazama kiganja kana kwamba kuna kitu kimeandikwa mle. “Atieno, mimi nimelala kwenye ukumbi wa video miaka miwili, nimejifunika mabango. Sijawahi kuwa na mtu wa kumwambia nitarudi.”

Hapo Atieno alimpenda kabisa. Hata baadaye, alipokuwa na sababu zote za kukanusha, hakukanusha kwamba alimpenda.

Juu kilimani sauti ya Dorcas ikapasuka. Nyingine tano zikaifuata, Masalu, Masalu wuod Shigela, mwana wa Shigela, umetuachia nani, na kilio kikateremka mpaka majini. Atieno alisisimka mwili mzima. Alimgeukia Masalu amkumbushe kuziba masikio.

Masalu hakuwa ameziba. Alikuwa ameinamisha kichwa upande mmoja, anasikiliza kama mtu anayesikiliza mpira redioni.

“Shangazi yuko vizuri leo,” alisema. “Kuliko siku ile. Wamechelewa kidogo, lakini haidhuru, jua bado liko chini. Mwanga ni mzuri.”

“Mwanga wa nini?”

Masalu akaanza kuchagua karanga kiganjani. Mtu aliyeweza kusema kwa sauti ya mtu yeyote alikosa hata ya kwake. Atieno aliinuka, akakinga macho kwa mkono, akatazama juu. Kati ya mawe mawili makubwa, ng'ambo ya pale walipokuwa wanalia, kulikuwa na kitenge kimetandazwa kama kinachoanikwa. Nani anaanika kitenge kilimani Jumapili asubuhi? Chini ya kitenge kulikuwa na mgongo wa mtu, na mbele ya mgongo kitu kinachong'aa.

“Ni Venant yule,” alisema.

“Kaa, nikueleze.”

“Nani alimwambia?”

“Kaa kwanza.”

“Masalu, nani alimwambia?”

“Mimi.”

Atieno hakukaa.

“Sikiliza,” Masalu alisema, naye akasimama. “Mazishi ndiyo yaliyobaki. Filamu nzima imekamilika isipokuwa mazishi. Mzee anataka shimo lifungwe, linafungwa. Venant anataka mazishi, anayapata. Mimi nakutaka wewe, nakupata. Nani ameumia hapo?”

“Njia mbili zilimshinda fisi.”

“Fisi hakujua karate.”

Nusura Atieno acheke, na hicho ndicho kilichomuuma kuliko yote. Alijiuma midomo mpaka kicheko kikaisha nguvu.

“Baba yangu yuko pale,” alisema. “Alikwambia wewe, mbele yangu, kwamba akionekana anatengwa. Kila ukumbi wa Mwanza utaonyesha mzee wa kanisa anazika mgomba. Watoto wa kanisani watamwona. Watamchezea mkanda wake mchungaji!”

“Uso wake tutaukata.”

“Kwa mkasi gani? Harusi ya Mhoja mlishindwa kumkata mlevi anayetapika nyuma ya keki. Mpaka leo watu wanaitazama kwa ajili yake.”

Masalu alimkumbuka yule mlevi. Ile harusi alikuwa ameipigia kinanda mwenyewe.

“Basi panda umzuie,” Atieno alisema. Alimshika mikono yote miwili. “Sasa hivi. Wewe unakimbia kuliko mtu yeyote ninayemjua, utafika kabla hawajaushusha mgomba. Mwambie azime. Ukifanya hivyo, mimi ni wako. Baba akubali, baba akatae, shimo liwe wazi au limefungwa, mimi ni wako na ninaondoka na wewe leo.”

Masalu alikitazama kilima. Alimtazama Atieno. Kisha akatazama jua, na Atieno akaona amelitazama.

“Kamera ya watu ile,” alisema. “Venant ameiazima Bukoba, leo jioni inarudi. Na kilio kama kile huwezi kukipata mara ya pili. Nimeruka madirishani miaka minne, Atieno. Nimevunjika mkono huu, nimevunjika mbavu, na hakuna aliyeniuliza kama naumwa. Huyu wa Dar hatarudi tena Mwanza kunitafuta. Nipe dakika tano tu. Dakika tano, halafu nitakwenda kwa mzee mwenyewe nimpigie magoti, nimweleze kila kitu.”

“Dakika tano ndiyo mazishi yote.”

“Najua.”

Macho yake yalikuwa yamejaa maji. Hakuwa ameinamisha kichwa wala hakuhesabu. Uso ulimkunjamana vibaya, pua ikawa nyekundu, na hakuwa mzuri kabisa kutazama.

“Hili la kweli,” alisema, akijifuta kwa kiwiko.

“Naliona.”

Aliliona, na likamchoma. Miezi kumi na minne alikuwa anangoja kuliona chozi la Masalu lisilo na hesabu, na sasa lilikuwa mbele yake, na miguu ya mwenye chozi ilikuwa haijasogea hata hatua moja kuelekea kilimani. Alimwachia mikono. Akaokota kanga yake juu ya jiwe, akajitanda.

“Unakwenda wapi?”

“Msibani.”

“Atieno!”

“Niache, Masalu. Nimefiwa.”

Alipanda kwa njia ya mbuzi, viatu mkononi. Njiani alikuwa amepanga kupiga kelele, aseme, baba, tunapigwa picha, kila mtu akimbie. Alipotokeza juu akaona hawezi. Mgomba ulikuwa umeshalazwa shimoni, umefungwa shuka jeupe. Mzee Zadok alikuwa amevua kofia. Alisimama kwenye ukingo, uso umeelekea mawe moja kwa moja, macho ameyafumba, anaomba. Atieno aliyasikia maneno. Mzee hakuwa anauombea mgomba. Alikuwa anamwomba Mungu amsamehe kwa jambo hili, kisha ampe kijana Masalu maisha marefu, amlinde na ajali za kuruka kwake, na amfanye mtoto wa nyumba yake.

Angepiga kelele, baba yake angejua ameomba mbele ya kamera, mbele ya dada yake na wanawake watano, kwa ajili ya mtu aliyemuuza. Atieno hakutaka baba yake ajue hilo, leo wala siku yoyote.

Kwa hiyo alipita kati ya wanawake akaenda kusimama ng'ambo ya shimo, mbele ya mzee, mgongo kwake, uso kwenye mawe. Akaikunjua kanga kwa mikono yote miwili, kama afanyavyo mwanamke aliyefiwa, akalia. Alikuwa hajawahi kulia msiba hadharani. Shangazi Dorcas alizoea kumtania kwamba shule imemkausha. Kilio kilimtoka tumboni, kikubwa, hata Dorcas mwenyewe alikatiza wa kwake akageuka. Alimwita Masalu kwa jina lake na la baba yake. Alimwambia umeniacha asubuhi, umeniacha na gauni jipya, ulisema utarudi. Wanawake wakamfungulia nafasi, wakamwitikia. Mzee aliposogea kushoto kutupa udongo, Atieno alijitupa kushoto. Aliposogea kulia, naye akaenda kulia, kanga imetanda, na kile kitu kinachong'aa kati ya mawe kikamfuata yeye.

“Nyara,” baba yake alisema nyuma yake, kwa sauti ndogo, ameshtuka. “Binti yangu, inatosha. Ni mgomba tu.”

Hakuacha mpaka koleo lilipopiga udongo wa mwisho.

Mchana wa siku ile hakuna mposaji aliyefika kwa Mzee Zadok, na Atieno alimwambia baba yake kwamba ni yeye aliyemkataza. Mzee alimsogezea bakuli la uji, akamwambia ale. Filamu ilitoka Novemba. Masalu alichukuliwa Dar kama alivyoahidiwa, na anastahili, maana mapigano yake ni mazuri. Katika mazishi hakuna mzee wa kanisa anayeonekana, ila mkono mmoja ulioshika kofia, nyuma ya msichana wa gauni la kijani. Na kuanzia Kirumba mpaka Nansio, watu wakitoka kwenye kumbi za video hawakuwa wanazungumzia mapigano. Walikuwa wanaulizana yule msichana ni nani, katolewa wapi, na kafundishwa na nani kulia vile. Venant alimfuata Butimba kumwomba acheze filamu ya nne. Atieno alimwandalia kiti, akamsikiliza kwa adabu mpaka mwisho, akamjibu kwamba yeye hajui kuigiza.